B Yenye Pumzi

Kosa lilianza na sikio langu. Lingekuwa limeziba siku ile, nisingejikuta Houston mbele ya dirisha la kioo, kalamu mkononi, mzee wa watu kanikodolea macho, nikiulizwa kama niko tayari kula kiapo juu ya bangi.

Lakini nianze mwanzo, maana najijua. Nikianza katikati hata mimi mwenyewe hupotea.

Kazi yangu ni kutunza wazee, hapa Carrollton, Texas, mwaka wa sita sasa. Mzee niliye naye tangu mwanzo ni Mhindi wa Mombasa. Kazaliwa Makadara, kakulia dukani kwa babake akipima vitambaa, na Kiswahili chake kinanishinda mie niliyezaliwa Kibokoni. Nikichelewa dakika tano huniuliza kama nimekuja kwa miguu kutoka Likoni. Siku ya kuajiriwa, mwanawe alikuwa na orodha ya maswali ya maana, presha, sukari, namna ya kumnyanyua mtu kitandani. Mzee akamkatiza, akaniuliza mbaazi za nazi zapikwaje. Nikamwambia. Akasema nimekosea. Nikamwambia aliyekosea ni yeye, na kama mamake alimpikia hivyo basi alimpikia vibaya. Akamgeukia mwanawe akasema, "Huyu huyu." Vyeti vyangu vyote havikuangaliwa.

Mzee amebakiwa na dada mmoja tu duniani. Dada naye kazaliwa Makadara, akaozwa India akiwa msichana wa miaka kumi na minane, sasa ni mjane na anakaa peke yake katika nyumba ya baba yao huko Gujarat. Figo zinamtesa. Kila siku saa moja ya asubuhi, kwao jioni, tulimpigia simu ya video, na picha yake ikatokea kwenye televisheni kubwa ya sebuleni, kichwa kikubwa kuliko cha mtu. Walikaa hapo saa nzima wakigombana kwa Kigujarati. Wakitaka kumsengenya aliye karibu na dada, huhamia Kiswahili. Wakitaka kunisengenya mie, hurudi Kigujarati. Mie nakunja nguo na kujifanya sijui.

Siku hiyo dada alikuwa na mafundi uani, wanabadilisha bomba la maji machafu. Mzee akataka kuonyeshwa kazi. Jirani mmoja mwanamke akaichukua simu akaanza kuizungusha: bomba hili, shimo hili, mafundi wanne hawa. Mzee yuko Texas, lakini alikuwa anakagua shimo kama atakayetumbukia ni yeye. Kisha simu ikapanda barazani. Barazani kuna bembea ya mbao iliyokuwa ya baba yao, na juu ya bembea alikaa mkandarasi, mtu mzima wa miaka hamsini hivi, shati limepigwa pasi, kalamu mfukoni, anakunywa chai kwenye kikombe cha nyumbani.

Mzee alikuwa ndiyo kwanza ananiambia mie kwa Kiswahili nipunguze tangawizi. Akageuka, akaona, akafoka sentensi moja ya Kigujarati. Ndani ya sentensi hiyo nilidaka neno moja tu: bangi.

Kule upande wa pili kila kitu kilisimama. Yule mtu akaweka kikombe chini taratibu. Akainuka, akatoka kwenye picha. Dada akakata simu.

Na mie, na akili zangu zote timamu, nikamuuliza, "Kwani Mzee, yule fundi avuta bangi?"

Akanitazama. Akaanza kucheka. Alicheka mpaka kikohozi kikamshika na ikabidi nimpige mgongo, na alipotulia akafuta machozi akasema, "Mama, wewe utaniua." Hakuniambia zaidi.

Aliyeniambia ni mwanawe, jikoni, uso umemshuka. Si bangi, alisema. Ni jina la jamii ya watu, ndiyo jamii ya yule mkandarasi, watu ambao vizazi na vizazi walilazimishwa kuzoa vinyesi vya wenzao kwa mikono, wasiguswe, wasikalishwe, wasipewe kikombe. Kumwita mtu hivyo ni kumwambia kwamba uchafu ni yeye mwenyewe. Neno hilo sitaliandika. Chukua bangi yetu, ile b uipulizie pumzi kidogo kana kwamba unapoza chai, umelipata. Sasa usilitumie.

Wiki tatu baadaye ikaja habari kwamba yule mtu alikwenda polisi.

Mwanawe akatafuta wakili hukohuko Gujarat, naye akatokea kwenye televisheni ileile, miwani imekaa juu ya paji la uso. Alitueleza kwa Kiingereza, polepole. Kosa la kawaida, alisema, ukihofia kukamatwa unatangulia mahakamani, unaomba dhamana kabla hujaguswa. Nikadakia kwamba hayo nayajua. Kwetu Kenya mwanasiasa akitukana watu Jumapili, Jumatatu asubuhi yuko Mahakama Kuu na suti mpya, anaomba asikamatwe. Wakili akafurahi kupata mtu anayemwelewa. Lakini, alisema, kosa la kumtukana mtu jamii yake lina sheria yake peke yake, na sheria hiyo imeufunga mlango huo. Dhamana ya mapema hakuna. Mzee akitua tu uwanja wa ndege, polisi wanaruhusiwa kumsubiri na gari. Mlango una ufa mmoja tu: hakimu akiyasoma malalamiko akaona kwamba hata yakichukuliwa kama yalivyo, hakuna kosa. Labda si tusi. Labda hapakuwa na watu, maana sheria yataka tusi liwe limetolewa hadharani.

"Watu walikuwepo?" akauliza.

Mwanawe akahesabu kwa vidole: shangazi, jirani mwenye simu, mafundi wanne. "Na nyumba nzima ya Carrollton," nikaongeza, kwa kusaidia.

Hapo ndipo nilipomwona Mzee anaogopa. Polisi hakuwaogopa, hilo nawaambia. Madaktari wa dada walikuwa wameshasema wazi kwamba ndugu wenye kutaka kuja waje sasa. Mzee alikuwa na safari ya mwezi ujao, begi lake liko tayari mlangoni tangu wiki mbili nyuma, na ndani mna pakiti sita za lozi za Amerika kwa sababu dada anazipenda ingawa haruhusiwi kuzila. Bila dhamana, mwanawe asingemwachia aende. Miaka themanini na moja, moyo unaosukumwa na betri, usiku mmoja kwenye seli ungetosha kummaliza. Na bila kwenda, dada yake angekufa akiwa kichwa kikubwa kwenye televisheni.

Wakili akashusha miwani, akasema angefikiri. Mzee akakohoa.

"Mimi nilisema bangi," alisema. "Bangi ya Kiswahili. Nilisema mafundi wamevuta bangi." Akanielekezea kidole. "Muulize huyu. Yeye mwenyewe alisikia hivyo. Alinihoji palepale."

Wallahi sijawahi kuona wakili anatabasamu vile. Akaniuliza kama ni kweli nilisikia bangi. Nikasema ndiyo. Kama bangi ni neno la Kiswahili. Ndiyo. Maana yake? Nikamweleza, na mwanawe akakaa akiangalia sakafu. Wakili akasema kesi nzima imekuwa herufi moja: b yenye pumzi ni jela, b isiyo na pumzi ni uhuru.

Tukaingia mazoezini. Sielewi mazoezi ya nini, maana neno lilishasemwa, lakini Mzee alitaka awe tayari hakimu akimtaka alirudie kwa video. Nilimshikia karatasi laini ya kufutia pua mbele ya mdomo. Akisema bangi na karatasi ikatulia, amefaulu. Ikipepea, amefungwa. Alifungwa mara kumi na moja siku ya kwanza. "Bangi, Mzee. Kama umechoka." Karatasi inapepea. "Kama hujali." Inapepea. Mtu huyu maisha yake yote alitamka "bangi" sawasawa, vijana wa siku hizi na bangi zao, lakini sasa neno lilikuwa limemwingia woga na woga ulikuwa na pumzi. Siku ya tatu mkwe wake akarudi ghafla kutoka kazini na mgeni, akatukuta sebuleni mie na baba mkwe tunaimba "bangi, bangi, bangi" na karatasi katikati. Yule mgeni hajarudi tena.

Hati ya kiapo changu kama shahidi ikaja kwa barua pepe, kurasa tatu. Wakili alitaka igongwe muhuri kwenye ubalozi mdogo wa India, na ubalozi mdogo uko Houston. Mwanawe alikuwa na kazi, mie nina gari na miadi ni saa nne. Tukatoka baada ya sala ya alfajiri, Mzee mbele pembeni yangu, chupa ya chai magotini, ananielekeza njia ambayo hajawahi kuendesha.

Sikuwa nimeisoma hati. Ndiyo, nacheka nikisema. Mwanamke anayesoma maandishi madogo ya kila kopo la dawa hakusoma kiapo chake. Nilidhani najua kilichomo. Tulipopita Corsicana tukasimama kununua petroli, Mzee akaenda msalani, nikaifungua ili nipoteze muda.

Aya ya kwanza, jina langu na kazi yangu. Ya pili, ni Mswahili wa kuzaliwa. Ya tatu, bangi ni neno la Kiswahili. Ya nne, nilipolisikia nilielewa hivyo. Yote haki ya Mungu. Ya tano: kwamba sentensi nzima ilisemwa kwa Kiswahili, nami niliielewa yote, na haikumlenga mtu yeyote aliyekuwapo.

Aliporudi na mfuko wa viazi vya kukaanga nikamsomea.

"Hiyo ni lugha ya mawakili," akasema.

"Hiyo ni lugha ya uongo. Mzee, ulisema Kigujarati. Nilidaka neno moja katika kumi."

"Basi na hilo moja ulilidaka vizuri."

"Sitaapa juu ya yale tisa."

Tukaingia barabarani. Akala viazi. Akaanza tena, kwa upole, na upole wake ndio hatari. Ni karatasi tu. Yule mtu hakuumia, hakumwagika damu, ni neno, maneno hupita. Kesho hatalikumbuka.

Hapo nilipandwa na hasira mpaka nikashika usukani kwa mikono miwili. Nikamwambia jambo ambalo miaka sita sikumwambia, na hata mume wangu nilimwambia baada ya watoto wawili.

Nilikuwa na miaka ishirini na mbili. Nilikuwa fundi wa hina, na mkono wangu ulisifiwa mji mzima. Nikaitwa nyumba moja kumpaka bi arusi. Nimemaliza mguu mmoja, naanza wa pili, bibi mmoja aliyekaa kwenye kochi akasema, wala hakunong'ona, "Huyo asimguse bi arusi. Bibi yake alikuwa mjakazi wa kwetu."  Hakuna aliyesema ndiyo, hakuna aliyesema la. Mamake bi arusi akanichukua kwa mkono, kwa adabu kabisa, akanipeleka jikoni nikasaidie kupakua pilau. Bi arusi alikwenda kwa mumewe na mguu mmoja una hina.

"Nina miaka arobaini na tisa," nikamwambia. "Unaniona nimesahau?"

 Tulikwenda mwendo mrefu. Tukafika karibu na Huntsville, mji wenye magereza, na ukuta mwekundu wa mojawapo huonekana ukiingia mjini. Tulikuwa tumeingia kwa sababu Mzee na choo hawaachani. Akautazama ukuta ule, kisha akasema, "Hukuniambia."

"Hukuniuliza. Uliniuliza mbaazi."

"Na ungefanya nini, pangekuwa na sheria?"

"Ningekwenda polisi na hina mikononi."

Akageuza uso dirishani. Alipozungumza tena sauti yake ilikuwa ndogo. "Mama, dada yangu anakufa. Mimi si mtu mzuri sana, hilo nimelielewa, lakini dada yangu anakufa. Nifanyie hivyo tu." Nililia huku naendesha, na nilimwonea huruma kweli. Lakini huruma haikunibadilishia ile aya ya tano.

Kwenye dirisha la ubalozi, kijana mwenye tai akaipitia hati, akaniuliza kama nimeisoma na kama yote yaliyomo ni kweli. Swali la kila siku, aliliuliza huku anatafuta muhuri. Mzee kasimama pembeni yangu na fimbo yake.

"Manne ya kwanza ni kweli," nikasema.

Yule kijana akainua kichwa. Akasema hagongi muhuri kwa mafungu. Ama yote ama siyo.

Nikaweka kalamu chini, nikasema siapi.

Tulirudi garini. Mzee, aliyekaa mbele miaka sita kwa sababu nyuma hukaa mizigo, alifungua mlango wa nyuma akaketi, akajifunga mkanda, akafumba macho. Nikajua nimefukuzwa kazi. Nilianza kuhesabu moyoni ni wazee gani wengine nawajua Garland na Mansfield wenye ndugu wanaolipa vizuri. Hapo simu yake ikaita. Masikio yake mabovu, kwa hiyo huweka sauti ya wazi kila mara, na sauti ya wakili ikajaa gari.

Wakili aliuliza kama muhuri umeshagongwa. Mzee akasema bado. Wakili akashusha pumzi, akasema usigongwe. Polisi walikuwa wamewasilisha mahakamani maelezo ya mashahidi, naye ameyaona jioni hiyo ya kwao, na hoja ya Kiswahili haifai tena hata kidogo. Shahidi wa kwanza amesema kwamba yeye kazaliwa Mombasa, maneno yote mawili anayajua, na lililosemwa halikuwa la Kiswahili.

Mzee akakata bila kuaga. Akakaa na simu kifuani. Kisha akampigia dada yake, na kwa kuwa mie nimo humo garini, na yeye ana jambo la aibu, sikutegemea angezungumza Kiswahili. Alizungumza Kiswahili. Nadhani alitaka nisikie.

"Umenishtaki," akasema.

"Sikukushtaki." Sauti ya dada ilikuwa nyembamba, lakini haitetemeki. "Niliulizwa ulisema nini, nikasema."

"Ungesema hukusikia."

"Masikio yangu mazima. Mbovu ni figo."

"Nilisema bangi."

"Bangi naijua, ndugu yangu. Nimezaliwa Makadara kama wewe, nyuma ya duka letu walikuwa wakiivuta kutwa. Yule mtu ndiye anayenipeleka hospitali Jumatatu na Alhamisi. Ananingoja saa nne nzima, ananirudisha. Wewe uko Amerika. Bembea nilimkalisha mimi. Chai nilimpa mimi. Ukamtukana mbele ya wafanyakazi wake, nyumbani kwangu, kwa simu."

 Kwenye kioo cha gari nilimwona anatafuta kitambaa na hakipati, nikampa karatasi laini, na akajifutia.

"Basi sitakuona tena," akasema. "Nikija watanikamata."

"Watakukamata, ndiyo."

"Na wewe utakwenda kutoa ushahidi."

"Nitakwenda. Hakimu akiniuliza kama ulisema, nitamwambia alisema. Akiuliza nani atamdhamini huyu mzee, nitanyanyuka hapohapo. Nitamwambia ni mimi, ni ndugu yangu, nyumba hii ninayo, aiandike dhamana." Tukasikia anavyovuta hewa. "Lakini uje upesi. Siku za kukudhamini sinazo nyingi."

Simu ikakatika. Watu walikuwa wanaingia na kutoka ubalozini na makaratasi yao, mmoja mmoja. Mzee akafungua mkanda, akafungua mlango, akateremka na fimbo yake, akazunguka gari lote taratibu, akaingia mbele akaketi mahali pake.

"Una simu yako?" akaniuliza. "Nikatie tiketi."

Nikaifungua. Nikamuuliza kama ni ya kwenda na kurudi.

"Ya kwenda," akasema. "Ya kurudi atanikatia hakimu."